Redio ya Babu Yako Kule Kanombe

Zaina wangu, sha, mpenzi wangu,

Asalaam aleikum. Sisi wazima. Mbuzi kazaa mapacha, na shangazi yako anayeniandikia haya amenenepa. Aandike hivyohivyo!

Unauliza kama tuliijua sinema ya kutazama ndani ya gari. Tuliijua bila gari. Kule Kanombe picha ilikuwa kwenye ukuta mweupe, sauti ikirushwa hewani, wenye magari wakiinasa kwa redio zao. Babu yako, fundi cherehani, alikuwa akinichumbia. Akaja na redio ya dukani kwake, tukakaa kilimani, mama yangu katikati yetu kama ilivyo desturi. Mama alikuwa haoni tena, na alishamkataa: “Mwanamume gani huyu, mdomo haufungiki!”

Babu yako akatafuta stesheni mpaka sauti zikaja. Kisha akaanza kumsimulia mama picha: farasi, mvua, gauni la bibi harusi na hata mshono wake. Alipomeza mate, mama akamshika mkono.

“Usinyamaze, mwanangu. Farasi amefika wapi?”

Nikajua nimeolewa.

Huyo mchumba wako unayemsifu kwa upole wake, mlete aketi nami. Macho yangu nayo yanachoka, nataka nimsikie akisimulia.

Bibi yako akupendaye