Hina ya Dada Zuhura

Jumatano, 13 Agosti
Asubuhi Dada Zuhura kamwamkia Baba kwa alama, kama kila siku. Baba kapita tu. Kisha cherehani: anamalizia gauni la harusi yake mwenyewe. Shoga zake wanne, viziwi kama yeye, wamejaa barazani, mikono inaruka, umbea unanipita. Lugha ya alama nimekua nayo na bado wananiacha njiani! Watu wa Temeke wakasimama kushangaa. Zuhura kawakonyeza. Naringa naye.

Alhamisi, 14 Agosti
Baba kaniudhi. Eti shehe akija kumuuliza Zuhura kama ameridhia kuolewa, asihangaike na mikono mbele za watu. Bibi harusi akinyamaza ndiyo kakubali. Kwa wengine sawa, ni haya. Zuhura kanituma: "Mwambie miaka ishirini na sita mnaniita bubu humu ndani. Siku hiyo nasema." Nikamwambia Baba dada anaomba afikirie tena. Mwoga mie. Kila siku nampunguzia makali.

Jumamosi, 16 Agosti
Hina. Viganja, migongo ya mikono, hadi viwiko, ikafungwa nailoni. Zuhura kanuna, hawezi kusema neno.

Saa kumi jioni Baba kaingia na shehe na mashahidi wawili. Eti tumalize leo, kesho fujo. Shehe akauliza, nikamfikishia dada kwa alama. Mikono imefungwa. Baba: "Kanyamaza. Basi, kakubali."

Wallahi, kaing'ata ile nailoni kaichana kwa meno! Hina mbichi ikaruka hadi kwenye kanzu ya Baba. "Mimi Zuhura nimekubali, kwa hiari yangu. Baba, mie sinyamazi. Wewe hunitazami." Nikayasema yote, sikupunguza kitu. Shehe akasema amejibu. Shoga zake wakainua mikono wakaipepea juu, ndiyo vigelegele vyao. Baba akatoka.

Jumapili, 17 Agosti
Kaolewa. Mpakaji alitaka kuitengeneza hina iliyovurugika, Zuhura kakataa. Picha zote kakunjua viganja. Sijaona bibi harusi mzuri vile. Baba hasemi nami.

Ijumaa, 22 Agosti
Nyumba imepoa. Mama kaloweka kanzu mara tatu, doa halitoki. Baba kaivaa hivyohivyo kwenda msikitini. Jirani kamuuliza kulikoni, akamjibu, "Binti yangu huyo. Anaongea kwa nguvu."

Aliporudi akaniuliza marahaba inasemwaje kwa mikono. Nikamwonyesha. Kakosea mara mbili. Zuhura anakuja kesho asubuhi.