Sukari ya Baba na Kidonda Chake

Mama Ngadinah mpendwa, nisaidie, maana nimefika mwisho wa akili zangu, na nakusihi usitaje kijiji chetu, kwa sababu Baba hufungia sukari yake kwa gazeti hili na hakunji ukurasa kabla hajausoma.

Mimi ni karani katika ushirika wa sukari ya mnazi hapa wilayani Banyumas, nimesoma mpaka chuo, na Baba ni mgema. Alfajiri na alasiri hupanda minazi, huchonga maua, hushusha vyombo vya mianzi vilivyojaa utomvu, na Mama huuchemsha mpaka uwe mzito, kisha huumimina kwenye vifuu ugande, na sukari yetu inasifika kwa sababu wakati wa mvua, utomvu ukichachuka na wenzake wakitia sukari nyeupe ya dukani ili igande, Baba humwaga karai zima kuliko kuchanganya.

Mwaka jana kituo cha afya walimwambia ana kisukari, naye akatii vizuri mno, sukari nyeupe akaifukuza nyumbani siku hiyohiyo, hata keki za harusini akawa hagusi, nikafurahi, kumbe chai yake anaisindikiza na bonge la sukari yetu, anauma, anapiga funda, anauma tena, na kila chombo anachoshusha lazima akionje kama kimechachuka, na asubuhi bakuli la utomvu wa moto, na vidonge ameviacha kabisa kwa kuwa, asema, dawa yake anaipanda kila siku.

Sasa ana kidonda chini ya dole gumba la mguu, alikanyaga kibanzi cha mwanzi wala hakuhisi, Mama ndiye aliyeona damu sakafuni, na kidonda hakifungi, kinanuka, naye anakifunga kitambaa na kupanda minazi iliyolowa kwa mguu uleule usiohisi kitu.

Juzi nilijikaza nikamwambia jikoni, na jirani yetu Mzee Wirya, mgema mwenzake, alikuwapo.

“Baba, sukari hii nayo inapandisha sukari ya damu.”

Mzee Wirya akaangua kicheko. “Sikieni! Karani kaja kutufundisha mnazi! Kesho atamfundisha bata kuogelea.”

Baba hakucheka. “Hii imetoka kiwandani?”

“Hapana, Baba.”

“Nimewahi kuichanganya?”

“Hujawahi.”

“Basi shida yako nini? Sukari hii ndiyo iliyokuvisha viatu ukaenda chuo. Leo imekuwa sumu?”

Mama alikuwa akikoroga, akasema bila kugeuka, “Mwanao hajasema sumu.”

Tangu hapo Baba hanisemeshi, nikiingia mbele anatokea nyuma, nami kazini nabandika neno “asilia” kwenye pakiti kutwa nzima. Nikisema tena nitakuwa nimemvunjia heshima, nikinyamaza naogopa siku moja nitaitwa ofisini niambiwe ameanguka, au mguu umekatwa. Nifanye nini, Mama?

Rumiyati (si jina langu)


Binti yangu,

Pole sana. Umebeba mzigo mzito, na hofu yako ina haki. Ila nikukemee kidogo kwanza: mtu mzima, mgema mwenye sifa, unamwambia neno kama hilo mbele ya jiko lake na mbele ya jirani mcheshi? Ulitaka ajibu nini? Wewe ulisema juu ya ugonjwa, yeye akasikia unaipima kazi yake. Hamkugombana, mlipishana tu.

Nami nimekulia kwenye moshi wa jiko la sukari, kwa hiyo nakuambia kwa uchungu: baba yako ana haki nusu. Tofauti ipo. Ile nyeupe imesafishwa kiwandani mpaka rangi na harufu zimekwisha. Yenu imebaki na rangi yake, moshi wake, na kidogo cha kile mnazi ulichonyonya ardhini. Kwa ulimi ni mbali kama mbingu na ardhi. Lakini ukiondoa hayo machache, kilichobaki katika zote mbili ni utamu uleule, na damu haina ulimi. Haiulizi kama utamu umetoka mtini au kiwandani. Wala asije akahamia asali akidhani amekwepa.

Sasa fanya hivi. Leo, kabla Mama hajainjika karai, kaa naye. Yuko upande wako, alikuonyesha hata kama alikupa mgongo. Kisha mwendeeni Baba wawili tu, umwambie: “Baba, sukari yako ni safi. Mguu wako ndio mgonjwa.” Ishia hapo. Usimhubirie. Kesho asubuhi awe kituo cha afya, si wiki ijayo, maana kidonda kinachonuka kwa mwenye kisukari hakingoji mtu apatane na binti yake. Na amwambie nesi ukweli kwamba vidonge aliacha. Asivianze mwenyewe kwa kukisia.

Minazi asipande mpaka aruhusiwe. Najua atauliza mtakula nini. Desturi ya kugawana utomvu mnaijua: mpandaji achukue wa siku moja, wenye minazi wa siku ya pili. Huyo Mzee Wirya anayejua kucheka, mpeni apande. Kuonja amwachie Mama, na utomvu uliochachuka hata pua inaujua. Ukiiva mnautambua kwa tone linaloganda kwenye maji baridi, halitaki ulimi wa mtu.

Kijiji sikukitaja, kama ulivyoomba. Ila ukurasa huu usiufiche. Uweke juu kabisa ya rundo la magazeti ya kufungia.

Na wewe, mgema, uliyefika hapa na sukari mkononi: wahenga walisema mgema akisifiwa, tembo hulitia maji. Wewe umesifiwa miaka yote na hukutia kitu. Hukumdanganya mteja, basi usiudanganye na mguu wako. Funga hicho kifuu cha sukari kwa ukurasa huu, kiweke chini, kisha toka kwa mlango wa mbele. Binti yako yuko hapo, anangoja muongozane.

Mama Ngadinah