Shahidi wa Mwenye Nyumba

Wanangu,

Maharage yapo jikoni, yapasheni moto. Msianze kufungasha vitu, kesi haijaisha.

Asubuhi mwenye nyumba aliita shahidi wake kuthibitisha kwamba nilikubali kuhama. Akaingia mjomba wenu, kaka yangu wa tumbo moja. Akaapa kwamba alinisikia nikikubali.

Hakimu akasema, "Mama, muulize shahidi."

Nikamuuliza, "Kaka, umeahidiwa nini?"

Akainama. "Vyumba hivyo hivyo mnavyokaa."

Hakimu akaliandika jibu lake. Naandika kwa haraka, samahani kwa mwandiko. Tunaendelea mchana, narudi mahakamani.

Mjomba akitangulia kufika, ~~msimfungulie~~ mfungulieni. Mpeni chakula, msimuulize kitu. Ila mizigo yake ibaki nje.

Mama yenu