Karatasi ya Mlangoni kwa Bwana Saa

Jumapili, 24 Juni 1984

Nimetoka misa ya kwanza nikamkuta Bwana Telesphori wa ofisi ya utamaduni ananisubiri kwenye ngazi za kanisa. Huyu hajawahi kunitafuta kwa heri. Ana mambo mawili. La kwanza: kuta zote za barabara ya soko zipakwe chokaa kabla ya Saba Saba. Nyeupe, na ukanda wa kijani chini. Nikamwuliza, na picha zangu? Akasema mzee Donatus, hizo za zamani, mji unakwenda mbele.

Za zamani! Ng'ombe wa buchani, kichwa cha kinyozi, wacheza nyoka wa kwenye klabu ya pombe ya Januari — miaka thelathini na tatu ya mkono huu. Na atakayezifuta ni nani? Mimi. Hakuna mwingine mwenye brashi mji huu.

La pili: anakuja mgeni kutoka London, mwanamke, anataka kutembezwa kwa miguu aone kuta zilizochorwa na mahali walipoishi Wayahudi. Nikacheka. Wayahudi gani? Shinyanga nzima ilikuwa na nyumba moja! Telesphori akasoma barua. Jina lake Ruti, binti wa yule fundi saa.

Kicheko kikanikauka. Nimekula ugali nusu.

Jumatatu, 25 Juni

Nimepita makusudi mbele ya duka la Bwana Saa. Sasa ni hoteli ya chai ya Febronia, Mama Limi. Saa niliyoichora ukutani mwaka hamsini na moja ipo bado, imepauka. Mishale iko saa nne na dakika kumi. Bwana Saa mwenyewe alitaka hivyo, alisema saa ikikaa hivyo inatabasamu.

Alikimbia Ujerumani kabla ya vita na mkoba wa bisibisi. Saa za wakubwa wa mgodini, za mapadri, za Wahindi wa pamba, zote zilipita mikononi mwake. Mimi nilikuwa naye miaka sita, nikiandika vibao na kufuta vioo. Na daftari hizi ni yeye aliyeniambukiza. Alisema saa usipoitia ufunguo kila siku husimama, na mtu vilevile, andika hata kama ni mvua tu.

Kwenye mwimo wa mlango, mkono wa kulia, kipo kile kibati chake. Kirefu kama kidole, kimekaa upande upande. Ndani aliweka karatasi ya ngozi, imeviringishwa, ina maandishi meusi ya kwao. Alipoondoka mwaka hamsini na sita nilimshikia bisibisi akitoe. Akakiangalia muda mrefu. Akasema, nikikitoa nitakuwa kama sikuwahi kukaa hapa. Kitunze wewe, Donatus.

Niandike basi, hakuna asomaye hapa. Ile karatasi haimo. Niliitoa mimi.

Jumatano, 27 Juni

Treni imechelewa kwa saa saba. Telesphori amesinzia kwenye benchi na hotuba yake mkononi. Mgeni kashuka — mwanamke wa miaka arobaini na kitu, kofia ya majani, masikio ya baba yake yale yale! Kanitazama. Kasema, "Shikamoo, Donatus." Halafu kwa Kisukuma, "Mwangaluka!" — salamu ya asubuhi, na ilikuwa jioni! Watu wa stesheni wamecheka mpaka basi. Na mimi nimecheka, macho yamejaa maji.

Aliondoka ana miaka kumi na mitatu.

Alhamisi, 28 Juni

Siku ndefu. Miguu inauma na moyo pia.

Tumeanzia buchani. Ruti kasimama mbele ya ng'ombe, kaweka kidole kwenye jicho la kushoto. Jicho limepinda, linatazama mbinguni. Kaniuliza, hili bado? Alilichora yeye, ana miaka minane, nilimwinua mabegani. Ng'ombe huyu nimemrudia rangi mara sita, na kila mara jicho lile nalipinda vilevile. Mwenye bucha alinitukana sana. Nilimwambia ng'ombe wa Kisukuma ndivyo atazamavyo mvua.

Kwa Januari kacheka kuona joka limezunguka klabu nzima mpaka chooni. Nikamweleza: jirani alikuwa na joka la futi kumi ukutani, Januari akataka la kwake limpite. Ndiyo biashara.

Telesphori alikuwa anasoma tarehe kwenye karatasi, zote si zenyewe. Nikamwambia baba, kanywe soda, tutakukuta.

Tukaenda nyumbani kwao pa zamani, kuna mpima pamba sasa. Dirisha lile lile. Ruti akaniuliza watu walisemaje juu yao. Nikaona aibu, nikasema kweli. Ijumaa jioni mishumaa miwili, hata kama taa ipo. Jumamosi soko limejaa, baba yake kafunga duka. Nguruwe hali. Mji mzima ulijua: Mzungu huyu kapewa masharti na mfumu, mganga mkubwa, akiyavunja atakufa. Na kibati cha mlangoni ndilo zindiko lenyewe! Kila akitoka anakigusa, anabusu vidole. Ushahidi gani zaidi?

Ruti alicheka akashika ukuta.

Makaburini hakucheka. Mama yake yuko pembeni, nje ya safu ya Wazungu wengine. Nilikuwepo tukimzika, mwaka hamsini na mbili, Bwana Saa akisoma peke yake bila mtu wa kuitikia. Ruti kaokota jiwe, kaliweka juu. Kasema kwao hawaweki maua. Nikaweka na langu. Yule mama aliniita mwanangu, nami nilikuwa mtu mzima na ndevu.

Mwisho, mlango. Mama Limi alikuwa kavaa kitenge cha WAWATA, kile cha wanawake Wakatoliki, rozari shingoni. Nikasema huyu ndiye binti wa Bwana Saa. Lo! Kamkumbatia na unga mikononi. Kamwonyesha kibati, "Zindiko la baba yako hili, na ni kali! Mwaka sitini na tisa wezi walivunja mstari wote huu, hapa walipita kama hapapo." Kila asubuhi anakigusa kabla ya kuwasha moto. Aliyekuwa na duka kabla yake alikigusa. Na aliyekuwa kabla ya huyo. Mimi nikipaka rangi mwimo napita na brashi ndogo pembeni, sijawahi kukidondoshea hata tone.

Ruti akalia, kidogo tu. Akaeleza taratibu, Kiswahili chake cha kitoto. Si dawa, ni maneno. Kwamba Mungu ni mmoja, umpende kwa moyo wote, uyaandike kwenye mwimo wa mlango wako. Mama Limi akasema, "Si ndiyo dawa yenyewe hiyo, mwanangu?"

Halafu Ruti akasema kilichomleta. Bwana Saa amefariki Februari. Siku zake za mwisho aliulizia ile karatasi, kama ipo bado. Kwao karatasi hizo zikichakaa huzikwa ardhini kama mtu. Aliandika hiyo kwa mkono wake babu yake Bwana Saa, na kati ya vitu vyote vya ukoo wao imebaki hiyo peke yake. Vingine viliteketea pamoja na wenyewe, kule Ujerumani. Ruti kaahidi kuipeleka na kuilaza kaburini kwa baba yake.

Mama Limi kakubali. Jumapili baada ya misa, watu washuhudie, maana Jumamosi Ruti hagusi kazi, kama baba yake. Bisibisi nitashika mimi.

"Baba alisema Donatus anaitunza," kaniambia. Nikaitikia ndiyo. Ulimi huu!

Ijumaa, 29 Juni

Nimeamka nikafungua sanduku la daftari za zamani. Ya mwaka hamsini na saba imeliwa na mchwa pembeni. Kati ya Jumatano tarehe kumi na tatu na Ijumaa kumi na tano Machi kuna kipande cha ukurasa uliochanwa. Nimekipapasa. Nilichana mimi.

Nimepanda basi la Kahama. Pale Tinde tumekaa saa nzima, tairi.

Serafina, mwanangu wa kwanza, yuko Kahama na mumewe. Nilimkuta anapeta mpunga. Mbuke, mjukuu wangu, kanirukia. Miaka miwili, na shingoni mwake kamba nyeusi na kifuko cha ngozi, kidogo, kimeng'aa kwa jasho la watu wawili. Alikivaa mama yake mpaka alipoolewa. Sasa anakivaa yeye.

Nikamwambia Serafina, mwenyewe kaja kuchukua chake.

Akaacha ungo. "Baba, wewe uliniambia ni dawa ya mfumu wa Ushirombo."

Niliongopa. Marehemu mke wangu Justina tu ndiye aliyejua, akafa nalo.

Akasema hakivui. Mwezi wa nne surua imepita mtaa ule, watoto wanne wamezikwa, Mbuke hakuugua hata siku moja. Nikamwambia Ruti anasema ni maneno tu. Akanijibu, "Basi mwambie yeye aje amvue mtoto."

Nimelala Kahama. Sijamlaumu. Nilisema hivyo hivyo miaka ishirini na saba iliyopita.

Jumamosi, 30 Juni

Asubuhi nimekuta Serafina kafunga kanga, mtoto mgongoni, kapu mkononi. Hakunisalimu. Kasema, "Twende. Nataka nimwone." Kifuko bado kiko shingoni.

Mchana nimepita sokoni. Chokaa imeshaletwa, magunia saba, yamepangwa chini ya ng'ombe wangu.

Jumapili, 1 Julai

Padri kahubiri sijui nini. Sikusikia.

Mlangoni kwa Mama Limi wamejaa watu kama kwenye harusi. Telesphori kaleta kamera, filamu hana. Nimeshika bisibisi, ikateleza kwenye skrubu, Mama Limi kaniambia Donatus, uzee huo! Skrubu mbili. Ya chini imetoka kwa urahisi — ilishawahi kufunguliwa, lakini nani angejua? Kibati kikaniangukia kiganjani, chepesi. Mwimoni pamebaki alama ndefu ya rangi ya kwanza, ile ya kijivu ya Bwana Saa. Nikampa Ruti kwa mikono miwili.

Kaingiza kidole, kavuta. Karatasi ya mistari. Ya daftari.

Kaigeuza. Kasema polepole, "Hii si Kiebrania."

Mama Limi kachungulia. "Lo! Kumbe Mungu wao naye anaandika Kiswahili!" Watu wakacheka. Ruti hakucheka. Kuongea anaongea, kusoma hajui, shuleni alisomeshwa Kiingereza, na wino wenyewe umefifia. Kanipa. "Nisomee, Donatus. Labda baba aliandika kitu."

Labda baba. Nikasema hapa pana kelele, twende kwangu.

Tumefika. Nimemkalisha kwenye kiti cha Justina chini ya ukuta wa jiko. Serafina kwenye mkeka na Mbuke, wamesalimiana, chai imemiminwa. Nikasema nafuata miwani ndani. Sasa niko hapa mezani na daftari hili, na ukurasa ule umekunjuka mbele yangu. Ukingo wake nimeulinganisha na kile kipande kilichobaki. Unaingia sawasawa.

Sihitaji kuusoma, naujua kwa kichwa:

Alhamisi, 14 Machi 1957. Serafina degedege mara tatu tangu asubuhi. Mganga wa zahanati kasafiri hadi Jumatatu. Justina analia. Nimefungua kibati cha Bwana Saa, nimetoa dawa yake, nimeishona kwenye ngozi, nimemvika mtoto. Mlango nisiuache mtupu, naweka hii. Bwana Saa nisamehe. Mtoto akipona nitarudisha.

Alipona siku ile ile.

Nilikuwa nasema wiki ijayo. Halafu nikaogopa, nikiivua homa itarudi. Halafu akawa msichana, halafu bibi harusi. Barua za Bwana Saa zilikuja tatu, kila moja inauliza, mlango wangu hajambo? Nikajibu hajambo. Alikuwa rafiki yangu kuliko ndugu zangu, nami nimemdanganya mpaka kafa.

Naweza kutoka nikasoma kingine. Nani atajua? Niseme kaandika baba yake, maneno mazuri, ampeleke nayo kaburini. Kichwa hiki kimeshayatunga. Ee Mungu, yametungika vizuri kabisa!

Dirishani naona Mbuke kamwendea Ruti, kampandia mapajani. Mtoto huyu hakatai mtu. Ruti anamchezesha, kashika kile kifuko, anakigeuzageuza kidoleni. Nasikia anauliza, hii ni nini, mama?

Serafina anatazama dirisha hili.

Ruti kauliza tena. Mbuke anacheka, anavuta kamba aingize kifuko mdomoni.

"Baba!" Serafina anaita. "Miwani hujaiona?"

Miwani iko mfukoni mwa shati langu tangu misa.