Nimelia Kuliko Watu Wote wa Kambi

Shamba la mkonge, Tanga

Mdogo wangu Bibiana,

Mimi kaka yako sasa ni mzee wa miaka sitini na tano. Nimemwona Mjerumani akiondoka, nimepona vita viwili na nzige, na sasa Mwingereza anafunga mizigo, mimi bado nasimamia wakata mkonge. Shikamoo yako imefika, marahaba. Mguu wako vipi? Na mihogo hapo Nansio imepata mvua? Mimi mzima, meno tu yanapungua.

Uliniuliza kama muanue matanga ya mama bila mimi. Nikakujibu muanue, mama alikuwa mkongwe, na mimi si mtu wa kulia. Jibu hilo lifute.

Juzi gari la sinema lilikuja kambini, wakatundika shuka jeupe ukutani. Picha yenyewe ya kuchorwa, lakini inatembea. Tuliambiwa ni ya watoto. Kuna mvulana, huzuni yake imechorwa kama mbuzi mweusi anayemfuata kila aendako. Anamtupia mawe, anakimbia, haangalii nyuma. Watoto wanacheka. Sisi wazee tukaanza kusogeza mabenchi karibu na shuka.

Bibiana, nikaiona gati ya Nansio, siku ile naondoka. Mama kashika kikapu cha furu, wale samaki wadogo wa ziwani, wakavu, mikono inanuka moshi. Akaniambia, "Nenda mwanangu, usigeuke. Ukigeuka nitalia mbele za watu." Sikugeuka. Meli ikaenda mpaka mawe ya Mwanza yanaonekana, shingo yangu imesimama vile vile. Nimejisifia jambo hilo miaka yote, wewe mwenyewe umechoka kulisikia.

Yule mvulana wa kuchorwa akageuka. Akamwita mbuzi, akamlisha majani mkononi, wakaenda nyumbani pamoja.

Athumani mpishi, tumekaa naye benchi moja, akaniuliza, "Mzee Magesa, moshi umekuingia machoni?"

Nikamwambia, "Nalia. Mama yangu amekufa. Kaa kimya utazame picha."

Wengine nao walilia, lakini kidogo kidogo, kwa aibu. Mimi nikifanya kitu sifanyi nusu.

Basi msianue. Mwambie baba mdogo aufiche wembe mpaka nifike, kichwa cha kwanza kunyolewa ni changu, mimi ndiye mkubwa. Nashika treni mwisho wa mwezi. Na nikishuka gatini nitasimama pale nitazame nyuma mpaka nitosheke, mtu asinivute mkono.

Msalimie shemeji fundi cherehani wa Mirongo, na shangazi yetu aliyemuuguza mama.

Najua utasema kaka anajitapa. Athumani ni shahidi. Na dereva wa gari la sinema ni mtu wa Butimba, hapo Mwanza, akija likizo muulizeni. Leso niliyolilia ni yake, na sijamrudishia.

Kaka yako,
Magesa