Samansi kwenye Mlango wa Mbele

MAELEZO YA SHAHIDI
Kituo cha Polisi, chumba cha upelelezi
Shahidi: mke wa Fundi Visima
Umri: miaka 41
Kazi: kuotesha na kuuza miche ya mboga
Makazi: shamba la kupanga, nyuma ya kiwanda cha matofali
Hali ya ndoa: ameolewa (imerekebishwa)

Nimeitwa kueleza iwapo tarishi wa Baraza la Ardhi alikula kiapo cha uongo aliposema aliniletea samansi. Nitasema ninavyojua, ila afande anivumilie, maana mambo yenyewe yanaanzia kwenye mlango.

Shamba tunaloishi alilikodi mume wangu, na mkataba una jina lake peke yake. Ni mchimba visima. Miaka minne iliyopita alipata kazi mbali. Siku ya kuondoka aliamka akaanza kuupaka mlango wa mbele rangi ya mafuta, ya kijani, hata begi hajafunga. Nikamwambia, "We bwana, gari litakuacha." Akasema, "Msiufungue, rangi haijakauka. Nikirudi nitaufungua mwenyewe." Akatoka kwa mlango wa uani.

Mwanzoni alikuwa akipiga simu, kisha simu ikawa haipatikani. Mlango hatujaufungua. Mgeni akija, mama mkwe, ninayeishi naye, humwambia, "Zunguka uani, rangi haijakauka," na mtaa mzima umezoea kutucheka. Mimi pia hucheka. Kule mbele majani yamefika kwenye kitasa.

Mnamo tarehe 6 Mei, saa tatu asubuhi, nikimwagilia miche ya nyanya, mwenye shamba alikuja na hukumu mkononi. Alisema, "Shemeji, kesi imeshakwisha. Mwisho wa mwezi mnatoka." Nikamuuliza kesi gani. Akasema aliliambia Baraza kwamba mpangaji amefariki, hivyo upangaji umekoma, na kwa kuwa hakuna aliyefika kupinga, Baraza limekubali. Nilikaa chini palepale kwenye matope. Kuhamishwa kuliniuma, lakini kilichonikata maini ni kwamba watu walikaa wakamzika mume wangu bila kuniuliza mimi ninayemtunzia upande wake wa kitanda.

Nikaenda Mahakama Kuu kuomba mapitio. Nilimwambia jaji sikuona samansi yoyote. Jaji alisimamisha kutolewa kwetu kwa muda, akaagiza ukweli ujulikane, kwa sababu tarishi ameapa kwamba aliibandika mlangoni.

Jioni hiyo nilimsimulia mama mkwe. Akaniuliza, "Mlango upi?" Tukatazamana. Tukachukua panga, tukazunguka mbele tukifyeka. Samansi ilikuwepo, imepauka kwa jua, gundi bado imeshika juu ya ile rangi ya kijani. Tarehe ya kubandikwa iliyoandikwa juu yake ni ya siku ya soko, na siku ya soko sote wawili huwa hatupo.

Mama mkwe akasema, "Ichome, mwanangu. Ukiipeleka watasema uliitwa ukakaidi."

Nikamwambia, "Mama, yule tarishi atafungwa bure."

"Na mwanangu je, akirudi akute wageni?"

Niliibandua taratibu, nisiichane. Samansi nimeileta leo na kumkabidhi afande. Tarishi hakusema uongo. Angeuliza jirani yeyote, angeambiwa azunguke uani.

Afande ameniuliza kwa nini miaka yote hii nisiufungue tu huo mlango. Namtamani mume wangu. Nikiufungua mimi, nitakuwa nimekubali kwamba yeye hataufungua. Afande ameuliza kama na hilo aliandike. Nimesema aliandike, kwani ndilo ningelisema barazani kama ningejua nimeitwa. Nyumba nikinyang'anywa baada ya kusikilizwa, nitalia nihame. Ila nisikilizwe kwanza.

Niliyoyaona na kuyajua ni hayo, na nimeyasema kwa hiari yangu.

Sahihi ya shahidi: (ametia)

Maelezo ya mpelelezi: Nimemsomea shahidi maelezo haya, naye ameyakubali isipokuwa neno moja. Kwenye hali ya ndoa nilikuwa nimeandika "mjane", kwa kunakili hukumu ya Baraza. Alikataa kutia sahihi. Nilimuuliza kama ana uthibitisho kwamba mumewe yu hai. Alijibu kwamba hana, ila mimi ndiye wa kwanza kumuuliza. Nimekata "mjane" na kuandika "ameolewa", ndipo akatia sahihi.