Jibu Kutoka Ofisi ya Ardhi

Kaka yangu mpendwa,

Sisi hatujambo. Magoti ya Mama yanamsumbua, lakini bado anapalilia mwenyewe. Mimi nina oda ya sare za shule, cherehani haipoi.

Ile kesi imekwisha. Miaka tisa Mama ameomba hati ya kiwanja, na miaka tisa ofisi ya ardhi inatuambia, "Faili bado liko kwa mkubwa." Mwaka huu nilichoka, nikaenda mahakamani. Jaji alinisikiliza vizuri. "Siwezi kuwaambia wampe mama yako hati," alisema, "ila naweza kuwaamuru wamjibu." Akawapa siku thelathini, wajibu kwa maandishi na watoe sababu.

Wiki iliyopita karani wa ofisi ile aliniita, akanisomea jibu. Ombi limekataliwa, kwa kuwa mtoto wa kiume wa mwombaji aliweka pingamizi, akidai kiwanja ni chake. Akanionyesha barua yenyewe. Mwandiko ni wako, Kaka, na tarehe ni ya wiki ile uliyosafiri.

Niliisoma barua mara mbili, nikarudi nyumbani. Mama nimemwambia wamekosea jina, watarekebisha. Anakusalimu sana. Anasema hati ikitoka, chumba cha mbele ni chako.

Karani anasema pingamizi huondolewa na aliyeliweka, kwa sentensi moja na sahihi. Nimekuwekea karatasi na bahasha yenye stempu. Sikuulizi kwa nini uliandika ile ya kwanza. Naomba tu uandike hii.

Ni mimi mdogo wako,
fundi cherehani